Wimbo Usiokwisha: Kutoka Leeds Hadi Harusi ya Mawaleh

Safari hii ilianza kwa simu. Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini, na tayari nilikuwa nauza muziki katika duka la santuri na sidii mjini Leeds, kaskazini mwa Uingereza, ambako wazazi wangu walihamia kutoka Unguja nikiwa mdogo. Aliyepiga alikuwa Thuraya, binti wa mama yangu mdogo, kutoka Maskati.

"Rahma, nnaolewa," akasema, na kabla sijamaliza kigelegele akaongeza, "na weye ndiye utakayepiga muziki. Tuliahidiana."

Kweli tuliahidiana. Thuraya alikaa kwetu Leeds miaka yote aliyosomea ufamasia, akilala kitanda cha pili chumbani mwangu. Kila Jumamosi alikuja dukani, akavuta kiti nyuma ya kaunta, akasikiliza sidii mpya mpaka nikafunga. Huko ndiko alikonogewa na house, nami nikanogewa naye.

Kwa msomaji wa nyumbani nieleze kidogo, maana najua kwenu muziki ni taarabu na vinavyofuata. House ulitoka Marekani, na vijana wa Uingereza waliupokea utadhani walikuwa wakiungojea tangu kuzaliwa. Mwanzo walikesha nao katika maghala matupu na kwenye mashamba ya watu, ng'ombe wakiwatazama. Polisi wakawafukuza, serikali ikatunga sheria, vijana wakahamia kwenye klabu zenye leseni, na foleni zikazunguka mitaa. Zikatokea klabu zenye majina makubwa kuliko ya waimbaji. Halafu wenye klabu wakapata akili ya biashara: mtu asiyeweza kuja klabu, klabu imfuate kwake. Wakaanza kutoa mikusanyo, sidii mbili tatu ndani ya kasha moja, nyimbo za watu mbalimbali zilizounganishwa na didijei mmoja. Nilipoanza kazi, mikusanyo hiyo ilikuwa inauzwa mpaka kwenye maduka ya vyakula. Mama wa watu anakwenda kununua mkate na maziwa, anarudi na klabu nzima kwenye mfuko.

Mimi kilichoniteka ni huko kuunganisha. Wimbo mmoja unaingia ndani ya mwingine bila kukatika, na kama aliyefanya ni fundi, huoni mshono. Nami ni mtu wa haraka. Kimya hunitia kiwewe. Nikikaa mahali pasipo na sauti naanza kutikisa mguu. Kwa hiyo muziki usio na kimya ulikuwa muziki wangu. Mwenzangu wa dukani, Karen, alinifundisha kazi hiyo kwenye mashine mbili za duka: punguza besi ya huu, ingiza ule polepole, zikienda mguu mmoja mwachie mgeni nafasi. Siku moja akanichukua klabu. Nilivaa mtandio wangu, nikanywa maji yaliyouzwa ghali kama dawa, na hakuna aliyenitazama mara mbili. Watu wasiojuana walikuwa wanachekeana kama ndugu. Nilifurahi, sikatai.

Sasa turudi kwenye simu. Thuraya aliteremsha sauti. "Tatizo ni mama mkwe. Bi Zamzam. Watu wao wa Ibra, huko bara, mbali na Maskati. Hakunikataa, lakini ameshasema kwa watu kwamba msichana aliyekaa Uingereza hakai na mtu. Na mie nnakwenda kuishi ndani ya nyumba yake, Rahma."

"Basi si upige taarabu tu, shari yote ya nini?"

"Nikijificha siku ya kwanza, nitajificha umri wangu wote," akasema. "Nnataka anione nilivyo, anipende au anichukie. Lakini kama itaharibika, itaharibika mbele ya ukoo mzima."

Niliomba likizo siku ile ile.

Leeds nilitoka kwa basi asubuhi ya mvua, na sanduku dogo la nguo na begi kubwa la sidii. Karen alinisindikiza, akanitilia begini mkusanyo uliokuwa umetoka wiki ile. Kutoka London nikapanda ndege ya usiku. Jirani yangu, mzee wa Kiingereza anayefanya kazi ya mafuta, alilala mdomo wazi tangu tulipopaa, nami nikavaa visikizio na kupanga nyimbo kichwani: ipi ifungue, ipi iwainue mashangazi, ipi iwe ya Thuraya.

Uwanja wa ndege wa Seeb, Maskati, nilifika kumekucha, na joto likanipokea mlangoni kama mtu aliyefungua tanuri la mkate. Forodhani, kijana wa kanzu nyeupe alifungua begi langu akasita. Niliacha makasha Leeds kwa kuwa mengi yalikuwa na picha za wasichana waliovaa kitu kidogo kuliko leso, lakini sidii zenyewe zilikuwa nyingi.

"Shinu hadha?" akauliza kwa Kiarabu, ni nini hizi.

Kiarabu changu ni cha kusalia. Nikamjibu kwa Kiingereza kuwa ni muziki wa harusi. Akatazama pasi yangu, akaona nilikozaliwa, uso ukafunguka.

"Ala! Mtu wa Unguja? Kwa nini hukusema? Harusi ya nani?"

Nikamwambia. Akamjua baba yake Thuraya, akajua na duka lake, akaniuliza mama yangu ni wa mtaa gani. Akafunga begi mwenyewe. "Haya nenda, dada. Lakini muziki wenyewe unachezeka?"

"Utauliza waliohudhuria," nikasema, na kumbe nilikuwa natabiri.

Mawaleh, mtaa wa huko Maskati, nyumbani kwa mama mdogo Zuwena, nilikuta nyumba imejaa mpaka ngazini. Ni nyumba ya familia ambayo Kiswahili huanza sentensi na Kiarabu kikaimaliza. Karibu na hapo lipo soko kuu la matunda na mboga, na mama mdogo alikuwa keshanunua maembe ya kutosha kikosi cha jeshi. Alinikumbatia, akanitazama, akasema nimekonda, akanipa sambusa, ndipo akaniuliza kuhusu begi.

"Ndio huo muziki wa nyumba anaouimba Thuraya kutwa?"

"Ndio, mama mdogo. House."

"Basi mbona ananambia ulikuwa ukipigwa maghalani?" Akacheka mwenyewe, kisha akaniketisha. "Sikiliza, mwanangu. Mie sina neno, mie nnacheza chochote. Lakini yule Bi Zamzam ni mtu wa kimya. Hasemi, anatazama. Akikereka siku ya kwanza, Thuraya atakula kukereka kwake kila siku na chai ya asubuhi."

Aliyekuwa na wasiwasi mdogo kuliko wote alikuwa Bi Shamsa, somo wa Thuraya, bibi mwembamba wa Kiunguja aliyemlea kwa mafunzo ya harusi na ambaye usiku wa sherehe ndiye angesimamia mlango. Yeye aliniuliza swali moja tu, kama nyimbo zenyewe ni nzuri. Nikamwambia ni nzuri sana. "Basi," akasema, akarudi kwenye kufunga udi.

Siku mbili kabla ya harusi tulikwenda Hamriya, mimi na Thuraya, kukodi mashine. Hamriya ni mtaa wa maduka yaliyobanana, simu, vitambaa, chai ya maziwa, na kila lugha ya Bahari ya Hindi ikipiga kelele. Duka la spika lilikuwa la Mhindi, lakini aliyetuhudumia alikuwa Mkenya, Achieng, dada mrefu mwenye msalaba mdogo shingoni. Aliposikia ninataka mashine mbili za sidii na ya kuchanganyia, akachangamka.

"Kumbe wewe ni DJ? Mudiri wangu, huyu bosi, hataamini. Weka moja nisikie."

Nikaweka mkusanyo wa Karen. Achieng alicheza na mabega mpaka mteja mmoja akasahau alichojia. Wimbo ukaingia kwenye mwingine, na mwingine.

"Hii ni moto, dada," akasema. "Lakini hii kitu husimama wapi? Hizi harusi za hapa mimi hupeleka spika kila wiki. Ngoma ikiisha, wanapumua kidogo, halafu inaendelea."

"Wakitaka kupumua watakaa," nikamjibu. Thuraya akacheka. Tukapakia spika kwenye gari.

Usiku wa harusi ukumbi ulikuwa umewaka taa kila pembe. Sherehe yenyewe ilikuwa ya wanawake watupu, kama ilivyo desturi. Abaya zilivuliwa mlangoni zikalundikwa vitini, na chini yake kulikuwa na nguo za kila rangi aliyoiumba Mungu, nywele zimetengenezwa siku nzima, dhahabu mpaka kwenye viwiko. Thuraya alikaa kwenye kosha, jukwaa la bibi harusi, akiwa amejipinda kwa uzito wa nguo. Bi Zamzam alikaa safu ya mbele, mikono mapajani. Alikuwa mwanamke mnene mwenye uso mzuri usiotikisika. Kundi la waimbaji wa kike lilianza na nyimbo za kwetu, watu wakatunza, wakacheza, na kila wimbo ulipokwisha pakawa na kituo kidogo, watu wakanywa kahawa. Waimbaji walipomaliza sehemu yao wakafungasha ngoma na kipaza sauti chao, wakaenda kula. Thuraya akanikonyeza.

Nikaanza taratibu, na piano na sauti ya mwanamke, ili nisiwatishe. Walioingia kwanza ni wasichana waliosoma nje. Kisha wadogo zao. Nikaingiza wimbo wa pili bila mtu kuhisi, wa tatu, na hapo mama mdogo Zuwena akavua viatu. Mashangazi wakamfuata. Walicheza kwa mabega na viuno kama wanavyocheza kila kitu, na wallahi ilikaa. Kwa mara ya pili nikaona kile nilichokiona klabu na Karen, watu wengi wakiwa mwili mmoja, na hapa hakuna mlevi hata mmoja. Thuraya akashuka kwenye kosha na nguo yake nzito, akacheza huku akimtazama mama mkwe. Bi Zamzam hakutikisika.

Katikati ya raha hiyo Bi Shamsa akaja mezani kwangu. "Wimbo mzuri huu, mwanangu. Unakaribia kwisha?"

"Bado, Bibi!" nikasema kwa fahari.

Akarudi mlangoni. Baada ya muda akaja tena. "Ule ule tu?"

"Huu mwengine, Bibi."

"Mwengine? Ule wa mwanzo umekwisha saa ngapi?"

"Umekwisha humu humu, ndani ya huu."

Alinitazama kwa huruma kama anayemtazama mtu mwenye homa, akaondoka. Sikumjali, nilikuwa na besi ya kushughulikia. Mara ya tatu alikuja jasho likimtiririka, akaniinamia sikioni.

"Rahma, nnakuuliza kwa adabu. Utakwisha lini? Bwana harusi na baba zake wako nje ya mlango wamesimama na majoho yao. Nnangoja wimbo ukwishe niwaambie watu wajistiri."

"Wamesimama tangu lini?"

"Tangu ulipoanza."

Ndipo akanieleza kile ambacho kila mtu ukumbini alikijua isipokuwa mimi. Bwana harusi akifika, mwenye mlango hungoja kituo cha wimbo, maana kumkata mwimbaji katikati ni kumvunjia heshima yeye na anayemtunza. Wimbo ukwishapo, hutangaza; wanawake huvaa abaya zao huku ngoma ndogo ikipigwa; na ngoma ikinyamaza kabisa, wanaume walio nje hujua ndiyo ruhusa, wakaingia. Kumbe kile kimya nilichokifuta ndicho kilichokuwa kikifungua na kufunga mlango wa wanawake.

"Basi nizime," nikasema, mkono tayari kwenye kitufe.

Bi Shamsa akanidaka mkono. "Ukizima wataingia, na nikitangaza sasa hakuna atakayenisikia! Tazama watu walivyo!"

Nikatazama. Nywele wazi, viatu huku na huku, abaya zimelundikana hakuna anayejua ipi yake. Na papo hapo Bi Zamzam akasimama, akaja mezani, uso ule ule.

"Mwanangu yuko wapi?" akauliza. "Nnaona watu wanacheza, mwanangu simwoni. Amechelewa siku ya harusi yake?"

Nyuma yake Thuraya alikuwa amesimama bila kucheza, mkono kinywani. Alijua kuna kitu, na mimi nilijua ni kitu gani: ndoa yake ilikuwa inaharibika kwenye meza yangu.

Nikairudisha mikono kwenye mashine. Nikafanya kama alivyonifundisha Karen, ila sasa bila wimbo wa kuingiza. Nikatoa besi kidogo kidogo. Nikatoa piano. Nikabakisha makofi na manyanga, chini kabisa, muziki uwepo lakini usizuie kitu. Na chini yake, kutoka nje ya mlango, ikaja ngoma. Wanaume walichoka kungoja wakaanza razha, ule wimbo wa kujibizana wa ngoma na panga, na ngoma yao ilikuwa imeshika mwendo wangu, pigo lao moja kwa mawili ya kwangu. Zilikwenda pamoja kama zilipangwa.

Ukumbi mzima uliisikia kwa pamoja. "Jistirini!" akapiga ukelele Bi Shamsa. Zikawa mbio! Mama mdogo alivaa abaya ya mtu mfupi, msichana mmoja akavaa mbili, watu wakicheka mpaka wanaanguka, na mimi nikishikilia makofi yale membamba ili wale wa nje wasithubutu kuingia. Nilingoja mpaka Bi Shamsa alipoinua mkono. Ndipo nikanyamazisha. Sijawahi kusikia kimya kizuri kama kile.

Mlango ukafunguliwa. Nasser, bwana harusi, aliingia na joho na jambia, kilemba kimelowa jasho, baba yake na wajomba nyuma yake wakihema.

"Umechelewa," Bi Zamzam akamwambia, na ukumbi ukanywea.

"Sikuchelewa, mama. Nilikuwa mlangoni. Wimbo haukwisha." Akamtupia baba yake jicho. "Baba amecheza."

Bi Zamzam akamgeukia mumewe, mzee mwenye ndevu nyeupe na fimbo, ambaye alikuwa anatazama zulia. "Huyu?"

"Mwanzo alicheza kwa fimbo," akasema Nasser. "Halafu na mabega."

Kwanza shavu lilitetemeka. Kisha Bi Zamzam akaangua kicheko ambacho nadhani kilikuwa kimefungiwa Ibra miaka mingi, akacheka mpaka akajifuta macho kwa ncha ya shela, na alipomaliza akamshika Thuraya mkono na kumpeleka mwenyewe kwenye kosha. "Muziki wenu hauna adabu," akamwambia, "lakini mie nimeolewa na huyu mzee ujana wangu wote, sijapata kumchezesha. Kaa hapa karibu yangu." Thuraya alilia, na mimi nikalia, na wanja wa mama mdogo ukamfika kidevuni.

Siku chache baadaye tulikwenda Bustan, ufukweni, familia zote mbili na masufuria ya biriani. Milima iko nyuma, bahari mbele, na watoto walikuwa hawatoki majini. Bi Zamzam alinimiminia kahawa. Kiswahili chake kilikuwa cha Unguja kitupu. Kumbe alikulia Mkunazini, mtaa wa huko huko.

"Nambie, Rahma. Waingereza hawapumziki?"

Nikamweleza habari za maghala na mashamba, polisi, klabu na mikusanyo. Nikamwambia vijana wanafanya kazi wiki nzima, na ule usiku mmoja hawataki ukwishe, ndio maana nyimbo zao hazikatiki.

Alisikiliza kwa makini. "Nawaonea huruma," akasema. "Wimbo usiokwisha, mgeni atapiga hodi wakati gani?"

Nikainua kikombe changu. Tukanywa kahawa. Tulikaa vile muda mrefu bila neno, na baadaye ndipo nilipogundua kwamba sikutikisa mguu.

Leeds nilirudi na halwa, udi na joto lililokwisha kabla sijafika nyumbani. Karen alitaka kujua kila kitu, na nilipofika kwenye mzee wa fimbo akalazimika kukaa chini. Majira ya baridi yakaja. Siku moja simu ikalia dukani.

"Rahma? Mie Zamzam. Hapana, Thuraya wangu hajambo, yuko jikoni na muziki wake, asubuhi yote anaitingisha nyumba. Sikiliza, nnamwoza binti yangu. Nnataka kaseti ya nyimbo zile zile. Lakini niwekee vituo."

Nikamwekea. Niliifanya baada ya saa za kazi, na ilikuwa kazi ngumu kuliko kuunganisha, maana ilinibidi kuamua kila wimbo ukomee wapi na kimya kikae kiasi gani, cha kumtosha bibi mmoja kutangaza na wanawake kuvaa. Nilichojifunza katika safari ile kimo ndani ya kaseti hiyo. Nakala yake naipiga dukani mpaka leo. Wateja wanaoujua muziki huu huja kaunta wameduwaa wakati wa vile vituo, wakaniambia kaseti yangu imeharibika.

Nawaambia wangoje kidogo, kuna mtu mlangoni.